Mgeni wa Miaka Tisa

MAELEZO YA SHAHIDI

Yameandikwa kituoni Jumatano, tarehe 17 Septemba, kuanzia saa nne kamili asubuhi.
Shauri: Kuingia bila idhini na kuharibu mlango wa chumba cha kubadilishia nguo, uwanja wa klabu.
Shahidi: Kazini anaitwa Komeo. Jina la kitambulisho limo kwenye jalada.
Umri: Miaka 61.
Kazi: Mlinzi wa lango kuu la uwanja, mwaka wa ishirini na mbili.
Makazi: Chumba na sebule nyuma ya karakana ya magari, dakika kumi na mbili kwa mguu kutoka uwanjani. Anaishi na mkewe, fundi cherehani.

Leo saa mbili na dakika hamsini asubuhi Katibu wa klabu amenipigia simu. Amesema nikikanyaga kituo cha polisi nisirudi langoni, na funguo nimwachie mfagiaji. Nimemjibu kwamba funguo ziko mfukoni, na mfuko uko njiani kwenda polisi. Ndiyo maana nimefika nazo. Naomba iandikwe kwamba ni kumi na nne, asije mtu akasema kumi na tatu.

Koplo ameniambia niseme ninayoyajua, nisiseme niliyoyasikia. Kazi yangu ni kuandika nani kaingia na saa ngapi. Ya kusikia nawaachia wanaokaa ofisini.

Mtuhumiwa namfahamu. Ni nahodha wa timu ya wanawake ya klabu, ana miaka ishirini na saba, na riziki yake ni kuchomelea vyuma. Wenzake wanamwita Nondo. Bawaba za lango ninalolilinda alizichomelea yeye mwaka juzi zilipokatika. Hakuna aliyemwambia ahsante, na mimi nimo.

Langoni kuna vitabu viwili. Kimoja kina jalada la bluu, kimeandikwa WENYEJI. Ni cha wachezaji, makocha na wafanyakazi, na mwenye jina lake anapigiwa alama ya vema tu akipita. Cha pili kina jalada jekundu, kimeandikwa WAGENI. Humo mtu anaandikwa jina, saa ya kuingia, anakwenda kumwona nani, na saa ya kutoka.

Timu ya wanawake ilikuja mara ya kwanza miaka tisa iliyopita. Walikuwa kumi na tatu, na viatu vya mpira jozi nane. Kitabu cha bluu hakikuwa na ukurasa wao. Nilimuuliza Katibu niwaandike wapi. Hakuinua kichwa. Alisema, "Waandike popote, hawamalizi mwezi." Nikawaandika kwenye chekundu. Katibu hakunitajia chekundu. Mkono ulikuwa wangu. Nilipofika penye "anakwenda kumwona nani" nilikwama, kisha nikaandika: mpira.

Mwezi uliisha, wao hawakuisha. Wiki ya pili Nondo, wakati huo ana miaka kumi na minane, alisimama mbele ya kibanda changu akasema, "Babu, mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Letu liko wapi?" Nikamwonyesha majani nyuma ya goli la kusini, yalikuwa yamefika kiunoni. Nilidhani nimemkomoa. Waliyafyeka siku ile ile, wakaja kuniomba maji. Tangu hapo upande ule wanafyeka wao. Kitabuni wakabaki wageni, wanakwenda kumwona mpira.

Nimeulizwa kwa nini sikuwahamisha kitabu. Jibu langu ni mazoea. Sina jingine, na hilo silipambi.

Nimeulizwa wanawake hao wanaishije pale uwanjani. Nasema niliyoyaona. Wanaume wanafanya mazoezi asubuhi na jioni. Wanawake wamepewa saa sita hadi saa nane mchana, jua likiwa utosini. Jezi zao ni za wanaume, za msimu uliopita. Mke wangu ndiye anayezipunguza mabega, na kila mwaka ananiambia, "Baba, hizi zimekuja na jasho la mtu." Mtaalamu wa misuli anafunga mkoba wake saa tano na nusu na kuondoka. Mwaka jana beki wao wa kushoto aliteguka kifundo cha mguu, akakandwa kwa maji ya dumu langu. Nguo wanabadilishia kwenye stoo ya mashine za kukatia majani, katikati ya mifuko ya chokaa ya kuchorea mistari. Chumba cha wenyeji kina mabenchi, mabomba matano ya kuogea na kioo kirefu. Wanaume wanakitumia hata siku wasiyocheza. Wanaanikia viatu.

Jumapili tarehe 14 Septemba, timu ya wanawake ilikuwa na mechi saa tisa alasiri. Nondo aliingia saa sita na dakika arobaini mchana. Nilimwandika wa tatu, kitabu chekundu. Saa saba na nusu foleni ya watazamaji ilikuwa imefika kwenye kituo cha mafuta. Mimi nahesabu watu kwa kimashine cha kubonyeza kwa kidole gumba. Mechi ya mwisho ya wanaume kilisoma 2,140. Jumapili hiyo, hadi lango kufungwa, kilisoma 4,812.

Mtu mmoja kwenye foleni aliwapigia kelele wachezaji, "Akina dada, jikoni kunaungua!" Nondo alikuwa anapita na mfuko wa mipira begani. Hakusimama. Alisema, "Basi wahi ukazime, sisi tuna mechi." Foleni yote ikacheka, na yule mtu akainama kufunga kamba za viatu ambavyo havikuwa na kamba.

Saa saba na dakika arobaini Katibu alikuja kibandani, akaangalia kimashine changu.

"Hiki kimeharibika," alisema.

"Hakijaharibika."

"Basi bonyeza polepole."

Sikubonyeza polepole.

Saa nane kasoro dakika tano Nondo alirudi kwangu. Stoo ilikuwa imejazwa viti vya plastiki mia tatu. Viliingia Jumamosi saa tisa alasiri kwa amri ya Katibu, na lori limeandikwa kitabuni. Hapakuwa na pa kuweka mguu. Wenzake walikuwa wanabadilisha nguo nyuma ya kibanda cha tiketi, wamezungushiana mataulo, na wanaume wamepanda ukuta wa nyuma na simu zao. Nilikwenda kuangalia mwenyewe. Nilihesabu simu saba. Niliwaambia washuke. Wawili walishuka. Mmoja wa waliobaki aliniuliza kama nataka anitumie picha na mimi.

Nondo aliomba ufunguo wa chumba cha wenyeji. Ufunguo huo sikuwa nao. Katibu aliuchukua Jumamosi saa kumi, na hilo limeandikwa. Nilimpigia simu. Simu yangu imekufa spika ya sikioni, hivyo lazima niiweke sauti ya nje, na kila neno Nondo alilisikia. Katibu alisema, "Chumba cha wenyeji ni cha wenyeji. Wageni wana utaratibu wao. Na wewe Komeo, umeajiriwa lango, hukuajiriwa mdomo." Akakata.

Juu ya meza yangu huwa nabandika nakala ya fomu ya mechi ya siku hiyo. Inatoka ligi, na Katibu ndiye anayetia sahihi. Nondo aliweka kidole juu yake akasema, "Babu, hebu soma hapo." Nilisoma. Iliandikwa WENYEJI, na jina la klabu yetu. Chini yake WAGENI, na jina la timu iliyokuja kwa basi. Hao wageni wa kweli wakati huo walikuwa kwenye chumba cha wageni, wana maji na barafu, na mlango wameufunga kwa ndani.

Nondo aliniuliza, "Una bisibisi?"

Nilikuwa nayo. Nikampa.

Koplo amesimamisha kalamu hapa, akanionya kwamba maneno haya yanaweza kunigeukia. Nimemwambia aandike. Bisibisi ni yangu, mpini wa njano, na nilijua anakwenda nayo wapi.

Kutoka kibandani hadi mlango ule ni hatua ishirini na sita. Saa nane na dakika nne Nondo alianza kufungua skrubu za kile chuma kinachoshika kufuli. Zilikuwa nne. Kila moja aliitia kwenye kifuniko cha chupa ya maji alichoshikiwa na golikipa. Kufuli lilibaki limefungwa vile vile, linaning'inia kwenye fremu. Wachezaji ishirini na wawili waliingia. Saa nane na dakika ishirini na tano walitoka wamevaa, mlango ukarudishwa. Ndani ya chumba kile kilichofungwa hapakuwa na kitu ila viatu vya wanaume na harufu yake.

Mechi iliisha saa kumi na moja kasoro dakika tano, mbili kwa bila. Baada ya wote kuoga, Nondo alirudisha skrubu nne kwenye matundu manne, akanirudishia bisibisi. Madai kwamba mlango umeharibiwa si kweli. Mlango uko pale. Nendeni mkautikise.

Watu waliwabeba wachezaji juu juu hadi barabarani. Kwenye msukumano ule sikuandika saa ya Nondo kutoka. Hilo ni kosa langu la pili.

Jumatatu saa moja na nusu asubuhi Katibu alikuja akataka kitabu chekundu. Alilowesha kidole, akafunua hadi Jumapili. Kisha akatabasamu. Katika miaka ishirini na miwili nimemwona akitabasamu kwa kitabu changu mara hiyo moja.

"Mgeni huyu hajatoka," alisema.

Nilimwambia ametoka, nimemwona, na watu elfu nne wamemwona.

"Elfu nne hawapo kitabuni. Kitabu kinasema mgeni kaingia, hakutoka, na chumba asichoruhusiwa kimefunguliwa. Umeniandikia kesi, Komeo. Tena kwa mwandiko mzuri."

Saa tano asubuhi Nondo alikamatwa kazini kwake. Fundi mwenzake amesema alichukuliwa na kinyago cha kuchomelea kikiwa bado usoni. Hayo nimeyasikia, koplo anaweza kuyafuta.

Nimeulizwa Katibu anafaidika nini. Jumamosi tarehe 20, saa tisa alasiri, kuna mechi ya kuamua ubingwa wa wanawake, hapo hapo uwanjani. Kwenye ubao wa matangazo kuna kanuni za klabu. Kanuni ya saba inasema mchezaji hazuiwi lango bila kikao cha kamati. Kanuni ya nane inasema mgeni anazuiwa kwa neno la Katibu. Jumatatu saa sita mchana Katibu alinipa neno hilo: Jumamosi huyo mwanamke asipite. Nilimuuliza, nahodha akose fainali? Akasema, "Mpira ulikuwepo kabla yake. Wamezidi. Wakishinda hii watataka na asubuhi yetu."

Nilipofika nyumbani nilimweleza mke wangu. Alikuwa anapunguza jezi namba nne, ambayo ndiyo ya Nondo. Hakusimamisha cherehani. Alisema, "Kwa hiyo aliyemfunga ni kalamu yako." Alishona hadi mwisho wa pindo, akakata uzi kwa meno, akaikunja jezi na kuiweka juu ya zile nyingine.

Jana Jumanne saa sita kamili timu ilikuja mazoezini bila nahodha. Nilifungua kitabu cha bluu, nikapiga mistari ukurasa mpya, nikawaandika wote ishirini na mmoja, na jina la Nondo juu kabisa, nikaandika mbele yake: yuko polisi. Golikipa alichungulia akaniuliza, "Babu, leo umekosea kitabu?" Nilimwambia nilikosea miaka tisa, leo ndiyo nimepatia. Hakucheka. Alisema, "Ulichelewa."

Ni kweli.

Saa nane na nusu Katibu aliuona ukurasa ule. Aliuchana, akaufinyanga, akautupa kwenye pipa. Aliniita mzee mzima anayetumwa na wasichana. Nilisubiri aondoke, nikauokota. Ninao.

Nimeleta pia vitabu vyekundu kumi na kimoja, vya miaka tisa, kwenye gunia la mipira, pamoja na fomu ya mechi yenye sahihi ya Katibu na bisibisi. Koplo akitaka kuhesabu mara ngapi mtuhumiwa ameandikwa mgeni, ahesabu. Mimi nimehesabu. Ni mara elfu moja mia mbili na sita, na zote ni mwandiko wangu.

Sina la kuongeza. Nimesomewa niliyoyasema, na nimeomba neno moja lisahihishwe: koplo alikuwa ameandika "wageni kumi na tatu" pale nilipoeleza siku ya kwanza. Nimemwomba akate, aandike tu kwamba walikuwa kumi na tatu. Amekata. Nimetia sahihi kila ukurasa.

(Sahihi ya shahidi)

DOKEZO LA AFISA: Maelezo yamechukuliwa na mimi, koplo wa zamu, na kukamilika saa saba kasoro dakika ishirini mchana. Shahidi alionywa kuhusu bisibisi na hakubadili neno. Vielelezo vimepokelewa: vitabu kumi na kimoja, ukurasa mmoja uliochanwa, fomu moja, bisibisi moja, funguo kumi na nne. Mlango umekaguliwa saa nane mchana: skrubu nne zipo, hakuna mkwaruzo. Mtuhumiwa ameachiwa kwa dhamana ya polisi saa tisa na dakika kumi. Mlalamikaji, Katibu wa klabu, ameitwa kufika Alhamisi tarehe 18, saa mbili asubuhi, aeleze kwa maandishi ni lini alikuwa anasema kweli: aliposaini fomu kwamba mtuhumiwa ni mwenyeji, au alipofungua shauri kwamba ni mgeni.