Gari la Baba Linarudi na Damu Kitini

Mama yangu mpendwa,

Pokea salamu kutoka Kitale. Magoti yako yanaendeleaje? Na mke wangu Nekesa, ile mimba haimsumbui sana? Mimi ni mzima wa roho. Naandika kwa mkono wa kushoto, ndiyo maana herufi zimelala.

Barua hii anakuletea Wafula, mwana wa baba mdogo, na anakuja Bumula akiendesha gari la Baba. Utaliona kabla hujasoma, na najua utashtuka.

Nilikudanganya, Mama. Nilisema nabeba mahindi. Ukweli ni kwamba nilikuwa nachukua odowa, yale mawe laini wanayotafuna kina mama wakiwa na mimba, kutoka kwa wachimbaji wa kule mlimani, na kuwauzia wanawake wa soko la Bungoma. Niliona haya. Unajua mwanamume akionekana na odowa kwetu anavyochekwa. Basi magunia niliyafunika na mabua, na polisi waliposimamisha gari nikasema ni chakula cha ng'ombe.

Wakafukua. Koplo mmoja akauliza ni nani anaficha mawe ya bure. Wafula, aliyekuwa nami garini, alitaka kusema, nikamkanyaga mguu. Hapo ndipo nilipokosea. Koplo akasema tumebeba mawe ya dhahabu bila leseni, ati tumevunja sheria ya madini. Nilipotoa ukweli, akaona namfanyia mzaha. Walinipiga rungu mbele ya watu mpaka nikatema meno mawili. Kisha koplo akanisukumia jiwe mdomoni.

"Si ulisema linaliwa? Kula basi, mama mjamzito."

Nikalila, Mama, pamoja na damu.

Mimi waliniachilia kwa dhamana, lakini gari likakaa uani mwa kituo chao wiki saba. Nilikuwa nikipita kila Jumapili kulitazama kupitia ua, na kila nikipita kuna kitu kimepungua. Siku ya kesi, hakimu alikuwa mama mtu mzima. Gunia lilipofunguliwa mbele yake alishika jiwe moja, akalinusa, akamwangalia koplo.

"Wewe afande, huna mke?"

Korti nzima ilicheka. Kesi ikaisha hapo, akaandika gari lirudishwe siku hiyohiyo.

Koplo hakusamehe kile kicheko. Tulipofika na karatasi ya korti akaichana. Watu wake wawili walikuwa wanafungua magurudumu ya nyuma. Nikawaambia hilo ni gari la marehemu baba yangu. Mmoja akanipiga na chuma, mkono wa kulia ukavunjika, nikausikia ukilia kama kuni. Nikaangukia kiti cha dereva. Nilipoinuka nilikuwa nimeshika mpini wa jeki, nikampiga usoni yule aliyenivunja mkono. Akaanguka. Nikampiga tena akiwa chini. Hiyo ya pili haikuwa na maana, Mama, na ndiyo naiona kila nikifumba macho. Wanasema jicho lake moja halitaona tena.

Mkubwa wa kituo alitoka kwa zile kelele. Akaokota vipande vya karatasi, akavipanga juu ya boneti, akasoma. Akasema gari liende, mimi nibaki. Nikakubali kabla hajamaliza. Sasa niko hospitalini, askari amekaa mlangoni, na mkono ukipona nitasimama kortini kwa ajili ya hilo jicho. Sitakataa kwamba nilimpiga.

Mlango wa kushoto umefungwa kwa kamba na kioo kimeenda. Damu iliyo kitini ni yangu. Mwambie mama yake Wafula asiogope. Gari lisiuzwe kwa ajili ya wakili. Nimelilipia tayari.

Nisalimie mjomba fundi viatu, dada yangu Naliaka wa kwaya, na yule mzee jirani anayetuchungia ng'ombe.

Chini ya kiti kuna odowa moja iliyobaki. Mpe Nekesa. Mwambie aitafune nje, mlangoni, watu wakiona.

Ni mimi mwanao,
Simiyu