Mahindi Mawili Juu ya Bonde

Tata,

Jana mchana nimeimba habari zako mbele ya ukumbi mzima wa hoteli hapa Doha, na hukulia. Nimeanza na hilo kwa sababu najua ndilo ungeuliza kwanza. Hungeuliza nilivaa nini, wala kama walinipigia makofi. Ungeuliza tu, "Na mimi, nimelia?" Hapana, Tata. Umekula mahindi yako yote mawili, na watu wamecheka palepale ulipotaka wacheke.

Mengi yametokea tangu ulipotuacha. Mengine yalianza ukiwa bado hai, lakini ulikuwa mgonjwa nami sikutaka kukuchosha kwenye simu. Sasa huwezi kuniambia simu inakula chaji, kwa hiyo nitasimulia yote, tangu mwanzo.

Unakumbuka siku ya gitaa? Nilikuwa nimeshakaa kwako miaka kadhaa, tangu Baba, ndugu yako, alipofariki nawe, shangazi yangu, ukaja kunichukua mimi na sanduku langu. Ulikuwa mwanamke pekee wa Molo aliyeendesha lori la waru, viazi vyetu, hadi Nairobi. Wanaume wa sokoni walikuita Mama Gia, nawe uliitika. Siku hiyo ulirudi kutoka safari, ukafungua mlango wa abiria, ukatoa kitu kilichoviringishwa kwa blanketi. Ukasema, "Hizo kelele zako angalau zipate kitu cha kuzishikilia." Kisha ukaenda kuangalia tairi.

Kelele zenyewe zilikuwa za muziki wa kantri. Watu wa huku hushangaa nikiwaambia, lakini wewe unaijua Molo yetu. Baridi ile, kondoo, pareto, ukungu unaoshuka hadi mlangoni, na Jumapili alasiri redio ya kila kibanda inaimba mambo ya farasi na reli za Amerika. Wazee wetu walivaa kofia za kauboi kwenda kanisani. Nilikua nikidhani huo ni muziki wetu. Bado nadhani.

Nikaanza kuimba Jumamosi nyuma ya bucha, pale wateja walipokuwa wakingoja nyama iive. Niliimba nyimbo za wengine kwa Kiingereza cha puani, nikilia juu ya mashamba ya pamba ambayo sijawahi kuyaona. Vijana wakanibandika jina, Mzungu wa Waru. Halikuniuma. Nilijua sauti ninayo. Nilichokosa ni cha kusema.

Ndipo nikatunga wimbo wangu wa kwanza, kwa Kiswahili, "Lori la Tata". Ulihusu siku uliyomwacha mumeo, Baba Karanja. Molo nzima iliijua hadithi hiyo, au ilidhani inaijua: ulipanda lori la babu ukiwa na mtoto wako Karanja na shehena ya waru, ukaondoka, na juma lililofuata ukarudi ukapanga nyumba upande wa pili wa mji, karibu na stesheni. Ubeti wa pili ulikuonyesha umesimamisha lori pale juu ya Bonde la Ufa, paji la uso kwenye usukani, unalia hadi vioo vinaingia ukungu. Niliupenda sana ubeti huo. Ulifanana na nyimbo za redioni.

Nikauimba kwenye maonyesho ya wakulima, uwanjani. Wanawake walitoa vitambaa wakajifuta macho. Fundi mmoja wa magari alijificha uso kwa kofia yake. Nikashuka jukwaani nikiwa nimevimba kichwa, nikakukuta umeegemea lori, koti lako la kijani limefungwa vifungo vyote.

"Nani alilia?" ukauliza.

"Wewe, Tata."

"Mimi? Lini?"

"Siku ile. Pale juu ya bonde."

Ukanitazama kama unavyotazama mtu aliyejaza gunia kwa mawe. "Siku ile niliondoka asubuhi, jua likiwaka. Nilifika pale juu, nikazima injini, nikajinunulia mahindi mawili ya kuchoma. Nikala yote mawili. Sikuwa nimekula kwa raha tangu niolewe. Nililia nini?"

"Lakini Tata, watu wameupenda."

"Wamempenda mwanamke mwingine. Basi mwambie aje aendeshe hili lori."

Ukawasha injini. Njia nzima hadi nyumbani hukuniongelesha, na mimi nilinuna pia. Nilidhani huelewi muziki. Nikaendelea kuuimba vilevile, kila mahali, mbele ya yeyote aliyenialika. Tulikuwa wagumu sote wawili, na huo ugumu sikuuokota barabarani.

Halafu nikaja Doha. Ulinisindikiza hadi Nakuru, ukaniambia nisiwe mtu wa kusema "ndiyo" kabla swali halijaisha. Nikawa mhudumu wa karamu hotelini: trei, vitambaa vyeupe, kahawa ya iliki kwenye vikombe visivyo na mkono. Kampuni ilitulaza Al Wukair, nje ya mji, na basi la wafanyakazi lilituchukua na kuturudisha. Nilinunua gitaa kwa Mfilipino aliyekuwa anarudi kwao. Ijumaa baada ya ibada Wakenya walinitafuta niimbe, na nikaimba "Lori la Tata", na walinzi wa milango, watu wenye vifua vipana, wakalia kama watoto. Kila mmoja alikuwa na mama yake mahali fulani. Nikajiambia, unaona? Ubeti unafanya kazi.

Kisha Karanja akapiga simu. Presha yako ilikuwa imepanda, ukaanguka jikoni, na kabla hawajafika hospitali...

Tata, hilo sitalisimulia. Wewe ulikuwepo.

Niliomba ruhusa ya kuja kukuzika. Ilitoka ukiwa umeshazikwa. Nakato, Mganda wa kitengo cha kufulia niliyekuwa nikilala naye chumba kimoja, alikaa kitandani kwangu, akanisuka nywele. Alisuka, akafumua, akasuka tena.

Ijumaa iliyofuata Wakenya walinifanyia kumbukumbu yako. Kuna shamba Umm Salal ambako mwenzetu mmoja anachunga mbuzi wa mwajiri wake, na mwajiri huturuhusu kukaa huko. Wakachoma nyama, mchungaji akaomba, kisha wakasema, imba ule wa Tata. Nikaanza. Ubeti wa kwanza ulitoka vizuri. Nilipofika wa pili, mdomo ulikataa. Nilikuwa na machozi hadi shingoni na nilikuwa naimba kwamba ni yako. Nikashika nyuzi, nikanyamaza.

Watu wakadhani ni uchungu. Wakaanza kusema pole. Nikasema, hapana, ngojeni, hakulia. Nikawasimulia kama ulivyonisimulia pale kando ya lori, na koti lako, na yule mwanamke mwingine uliyesema aje aendeshe. Walicheka, Tata! Kwenye kumbukumbu ya marehemu watu walicheka hadi mbuzi wakakimbia. Mlinzi mmoja kutoka Kericho akasema polepole, "Huyo mama ningependa kumjua."

Usiku ule nilimweleza Karanja kwenye simu. Akaniambia jambo ambalo hukuwahi kuniambia. Kumbe miaka yote hiyo Baba Karanja alikuwa akihadithia vilabuni kwamba uliondoka ukilia, kwamba ulishika lango ukimsihi akuzuie. Hayo machozi niliyoyatia kwenye wimbo hayakutoka kichwani mwangu. Yalitoka mdomoni mwake, yakazunguka mji, yakanifikia mimi, nami nikayapandisha jukwaani na gitaa ulilonipa. Sasa naelewa kwa nini ulifunga vifungo vyote vya koti siku ile. Ungeweza kuniambia. Lakini wewe hukuwahi kubishana na uvumi, uliupita tu kama unavyopita lori bovu mlimani.

Nikauandika ubeti upya ndani ya basi la wafanyakazi. Sasa unasema hivi:

*Alizima injini pale juu ya bonde,*
*akanunua mahindi ya kuchoma, mawili;*
*la kwanza alikula kwa sababu ya njaa,*
*la pili kwa raha, na ndimu na pilipili.*

Najua hukusema habari za ndimu. Nivumilie hapo, kina kilinibana.

Kulikuwa na kijana wa Kikenya, fundi wa kompyuta, aliyekuwa na studio chumbani kwake: magodoro yameegemezwa ukutani, maikrofoni imevalishwa soksi. Alitaka kunirekodi, lakini kwa ubeti wa zamani. "Dada, watu wanataka kulia," akasema. "Mahindi hayauzi." Nikamwambia apite barabara ya Nakuru siku moja aone kama mahindi hayauzi. Akacheka, akaomba turekodi matoleo yote mawili kisha tuchague. Nikakataa. Nilijua tukiwa na ule wa machozi mkononi tutauchagua, maana ni rahisi. Tulirekodi mmoja. Alipomaliza kuusikiliza alivua vifaa vya masikioni, akasema, "Sawa. Huyu mama anatisha." Nikajua wimbo umemwingia.

Hotelini mambo yalikwenda hivi. Meneja wa burudani, Mlebanoni, alinisikia kwenye sherehe ya wafanyakazi, akaniita ofisini. Alihitaji mwimbaji wa kantri kwa chakula cha mchana cha Ijumaa. Akanionyesha kofia. Akataka nyimbo za Amerika, Kiingereza cha Amerika, tabasamu. Tata, hizo nyimbo nimeziimba tangu bucha ya Molo, naweza kuziimba nimelala. Lakini nikakumbuka maneno yako ya Nakuru, nikamwacha amalize swali. Alipomaliza, nikasema nitaziimba, na katika kila onyesho nitaimba mmoja wangu, kwa Kiswahili.

"Mmoja tu," akasema.

"Wa kuanzia unatosha."

Akanitazama, akacheka, akaita mtu wa karatasi za mkataba. Trei nikazirudisha siku hiyohiyo. Sasa kadi yangu ya kazi inasema mwanamuziki. Nilimwonyesha Nakato, akaisoma kwa sauti, akairudia, akaipiga busu.

Na jana ukumbi ulijaa. Wazungu wa mafuta, familia za Kihindi, mabwana wa kanzu nyeupe na watoto wao, na kwenye meza ya pembeni manesi wa Kikenya waliokuja wakiwa wamevaa kama wanaenda harusini. Nilieleza wimbo kwa Kiingereza kwa maneno machache, kisha nikakuimba. Wasiojua neno walikuwa wakiwatazama manesi wajue pa kucheka. Mwishoni nesi mmoja akasimama, akapiga vigelegele, na mzee mmoja wa Kiqatari akauliza mhudumu kama hayo mahindi yapo jikoni.

Huko nyumbani pia wimbo umefika. Redio ya Nakuru inaupiga asubuhi. Karanja aliusikia akiendesha lori, maana analiendesha yeye sasa, la babu lilelile, limebadilishwa injini. Aliegesha kando akanipigia. Akasema, "Mama angezima redio. Halafu angeiwasha tena." Tukacheka, kisha tukashindwa kucheka.

Lakini bado kuna jambo, na ndilo lililonifanya nichukue kalamu leo badala ya kulala. Baba Karanja naye ameusikia. Ni mzee sasa, anatembea na fimbo. Alimfuata Karanja stesheni mbele ya wapakizi wote, akamwambia, "Mwambie huyo dada yako wimbo wake ni uongo. Mama yako aliondoka hapa akilia, mji mzima unajua."

Karanja hakupandisha sauti. Unamjua, mwanao hajui kupandisha sauti. Alisema, "Baba, mimi nilikuwa ndani ya lori. Alininunulia langu, akala yake mawili, akaimba hadi Nairobi."

Wapakizi waliacha magunia. Karanja anasema mzee aliegemea fimbo yake, akauliza, na sauti yake haikuwa ya ugomvi tena, "Aliimba nini?"

Karanja hakukumbuka. Alikuwa mdogo. Wala mimi sijui, Tata, na ndilo jambo moja ambalo ningetoa sauti hii yote nilijue.

Mwezi ujao narudi Molo kwa likizo. Wameniita uwanjani, na nitaimba. Nitakuja kaburini siku inayofuata, mchana, na Karanja.

Na hii ndiyo ahadi yangu. Nimeanza wimbo mpya, wa Nakato, namna anavyofua shuka za hoteli nzima akiziongelesha kwa Kiganda. Yeye yuko hai. Ijumaa ijayo nitamketisha kitandani nimwimbie yeye peke yake kabla sijamwimbia mtu mwingine, na akisema "sivyo ilivyokuwa", nitaufuta. Ndivyo nitakavyofanya kwa kila mtu nitakayemtungia wimbo, maadamu sauti ipo.

Pumzika, Tata. Barabara ni nzuri, na mzigo umefungwa vizuri.

Mwanao,
Nyambura