Logbook Iliyokuwa Ndani ya Bibilia

Jumanne, baada ya chakula

Kumbe si panya.

Logbook ya pikap, ile hati ya umiliki, niliiweka ndani ya Bibilia ya marehemu mume wangu, ikapotea, nikadhani panya wameila. Leo nimepiga ripoti polisi hapa Ruiru, kisha nikaenda saiba, pale kwa kompyuta za kulipia, kuomba nyingine mtandaoni. Msichana wa pale akashangaa. "Lakini mathe, si uliuza hii gari? Hapa inaonyesha ulikubali kwa simu ihamishwe jina wiki jana."

Mimi sijakubali kitu. Namba ya simu iliyo kwa akaunti yangu ya magari huko mtandaoni ni ya Kamau, shemeji yangu. Ndiye alinifungulia akaunti hiyo baada ya mazishi, nikamshukuru sana. Bibilia hiyo pia, yeye ndiye hutusomea.

Jioni amepiga. "Shemeji, kesho nakuja niipeleke Thika, breki zinalia." Nikasema sawa.

Ufunguo wa pikap nimeuficha kwa unga. Halafu nikakumbuka ule mwingine anao yeye.