Kikohozi cha Jumapili

Grand Rapids, Michigan
4 Novemba 1908

Mpendwa dada yangu Sjoukje,

Pokea salamu zangu, nyingi kama vumbi la mbao lililojaa ndevuni mwangu ninapoandika. Hujambo? Shemeji Douwe hajambo? Goti lake limepona, au bado humuuma saa ya kukamua tu? Na watoto je, wanakua kwa kasi ile ile ya magugu ya huko kwenu Washington? Sisi huku hatujambo. Mama ni mzima ila miguu. Hiltje mke wangu ni mzima, na ulimi wake ni mzima zaidi. Mimi nami sijambo, isipokuwa nimenenepa mpaka koti la kanisani nalifunga kwa imani tu.

Matofaa yako makavu yalifika salama. Nilikuwa na nia njema ya kuyaficha nyuma ya gundi, Hiltje akayaona kabla sijafika mlangoni. Hata hivyo nilionja mawili. Asante sana.

Ila shukrani kubwa ni nyingine, nayo ndiyo iliyonikalisha hapa na kalamu. Ni wewe uliyenisukuma nitoke kiwandani, nisizeeke nikichonga makucha ya simba kwenye meza za watu ambao hawajapata kumwona simba. Kila mtu alidhani nimerukwa na akili. Msimamizi wangu wa zamani alicheka hadi akashika ukuta, akasema patasi yangu ataniwekea, maana nitarudi. Mama naye, siku nilipomwonyesha kiti changu cha kwanza, miguu imenyooka, hakuna ua wala jani, alikizunguka kisha akaniuliza, "Hiki umekimaliza, au bado?"

Basi, mwezi uliopita tulipata kazi ambayo ingeamua kama karakana itaishi au itakufa. Mji mmoja kule ziwani unajenga maktaba, na kamati ya akina mama ilitaka viti kumi na viwili kwanza. Wakivipenda, tunapewa kazi yote: meza, makabati, mabenchi. Wasipovipenda, ninafunga mlango na kurudi kwa simba wangu. Kwangu hapakuwa na njia ya tatu, na Hiltje alilijua hilo. Alikuwa hanitanii tena mezani, jambo lililonitisha kuliko yote.

Viti vilitoka vizuri, dada. Mwaloni mweupe mtupu, ndimi za mbao zimepenya miguu na kutokeza upande wa pili, zinaonekana wazi kama mkono wa mtu mkweli. Ikabaki rangi. Mwaloni huu hatuupaki rangi yoyote. Tunavifungia viti kwenye kibanda nyuma ya karakana pamoja na sahani za amonia, yale maji makali yanayotoa machozi, na mvuke wake unaingia taratibu ndani ya ubao mpaka unakuwa kahawia. Ukifungua mapema, viti vinatoka vimepauka kama biskuti. Ukichelewa, vinatoka vyeusi kama jiko. Ukutani kuna tundu lenye kijiti cha mwaloni. Unakichomoa, unaona hali ya ndugu zake walioko ndani.

Jumamosi jioni nilikichomoa. Biskuti. Baridi ilikuwa imeulaza mvuke. Na akina mama wa kamati walikuwa wanakuja Jumatatu asubuhi! Mimi, fundi mkuu, mwenye karakana, mwenye mvi, nikajaza sahani zote amonia mpya kali, nikafunga, nikaziba nyufa, nikaingia ndani nikinawa mikono na kujisifu: "Kesho mchana vitakuwa na rangi ya kokwa la chestnati."

Hiltje akaweka sufuria chini. "Kesho siku gani, Wiebe?"

Wewe umelelewa nyumba moja nami, huna haja ya kuelezwa. Nyumbani kwa Mama hata viazi vya Jumapili humenywa Jumamosi. Kumtuma mtu mwingine ni kufanya kazi kwa mikono yake, nalo ni kosa lile lile. Nikivitoa viti usiku ule vimepauka, na hakuna muda wa kuvirudisha. Nikiviacha hadi Jumatatu, majiko kumi na mawili. Nikasema tumwachie Mungu, apunguze nguvu za mvuke.

Mama, kutoka kwenye pembe yake: "Usimpe Mungu kazi Jumapili."

Nililala nikitumaini baridi. Kulipokucha, Sjoukje, jua lilitoka kana kwamba ni kiangazi cha Julai. Kanisani Mchungaji alimshukuru Mungu kwa joto hilo la ajabu, akashukuru tena, na waumini wote wakaitikia isipokuwa mtu mmoja aliyekuwa akitokwa na jasho kiti cha nne. Wakati wa mahubiri peremende zilipita mkono kwa mkono kama kawaida. Nilikula zangu na za Hiltje.

Tuliporudi nyumbani, nilipita karibu na kibanda, polepole, kama mtu anayetazama mawingu.

"Na kuchungulia nako ni kazi?" Hiltje akauliza.

"Nanyoosha miguu."

"Mbona shingo ndiyo inayonyooka?"

Alikuwa uani pia Kazimierz Wojtas, Mpolandi wangu, fundi pekee niliyenaye, anayekaa nyumba ya nyuma. Alikuwa ametoka misa tangu asubuhi, sasa anakula soseji juu ya gogo, na kile kijiti kiko mkononi mwake. Akakigeuza juani nikione. Kahawia hafifu, kinaelekea panapotakiwa.

"Bosi," akasema, "baada ya saa moja hivi itakuwa tamu. Kwa Wakatoliki kufungua mlango si dhambi kubwa. Niambie neno moja tu."

"Siwezi kukwambia neno, Kazimierz."

"Basi usiseme. Kohoa. Ukikohoa mara moja, mimi nitaelewa, na wewe hujanituma."

Nikatazama dirishani. Mama alikuwa amekaa pale na kikombe chake, macho kwetu. Nawe unajua kifua changu baada ya miezi yote hii ya amonia. Mimi hukohoa hata nikiota. Siku ile kikohozi kilinipanda kama maziwa yanayochemka. Nikakimeza. Nikala supu nikikimeza. Nikaenda ibada ya pili nikikimeza, uso mwekundu, peremende shavuni, hata mzee wa kanisa Postma akaniinamia akininong'oneza, "Ndugu Wiebe, umeguswa sana na neno leo." Nikaitikia kwa kichwa tu. Moyoni nilikuwa nimekwisha kuagana na karakana. Nilikuwa nawaza nitamsalimu vipi yule msimamizi.

Mama alikuwa amebaki nyumbani kwa sababu ya miguu.

Tuliporudi, harufu ilitupokea barabarani. Mlango wa kibanda uko wazi kabisa. Viti vyote vimepangwa uani, na jua la jioni limeviangukia. Dada, ilikuwa rangi ya chestnati iliyotoka tu kwenye ganda lake. Kazimierz alikuwa anafuta machozi kwa mkono. Mama amekaa kwenye benchi, shali begani, leso puani.

Nikamgeukia Kazimierz. "Mimi sikukohoa!"

"Sikusema wewe," akajibu.

"Nimekohoa mimi," Mama akasema.

Hiltje alikaa chini palepale kwenye ngazi.

Nilimwuliza Mama kwa nini. Akaniuliza kama namkumbuka ng'ombe wa jirani yetu Rinse kule nyumbani Friesland, kabla hatujavuka bahari, aliyetumbukia mferejini siku ya Jumapili, na Baba akaingia majini na suti ya kanisani kumtoa. Nikasema namkumbuka. Wewe ulikuwa mdogo, pengine humkumbuki.

"Baba yako nilimnunia wiki nzima," Mama akasema. "Nilimfulia ile suti bila kumwambia neno. Alikuwa amefanya vema, nilijua hata siku ileile, na amekufa sijamwambia." Akakunja leso yake. "Wewe leo ungekufa kwa kumeza kikohozi, nami ningekaa dirishani nikitazama. Mara moja inatosha. Haya, nenda kanywe kahawa, imekwisha kupoa."

Jumatatu tulianza kupaka nta kabla hakujapambazuka vizuri. Akina mama walifika na kofia zao pana. Kiongozi wao, Bibi Thorndike, alipitisha kiganja mkononi mwa kiti, akakaa, akaegemea, na alipoegemea alisahau kuinuka. Wenzake wakamsubiri. Mwisho akauliza, "Bwana Terpstra, rangi hii umeipataje?"

Nikamtazama Mama. Kiingereza chake hakijatoka bandarini tangu tuliposhuka, lakini swali alilielewa. Akaniambia kwa lugha yetu, "Mwambie ni hali ya hewa."

Nikamwambia ni hali ya hewa.

Tumepewa kazi yote, Sjoukje. Meza, makabati, mabenchi, na tena mlango mkubwa wa kuingilia. Hiltje ameanza kunitania tena mezani, nami namshukuru Mungu kwa kila tusi. Namshukuru Kazimierz, ambaye ametaka malipo ya soseji ya Hiltje tu. Nakushukuru wewe, uliyeniamini wakati mimi mwenyewe nilikuwa najitilia mashaka.

Jambo la mwisho. Baada ya wageni kuondoka, tukaanza kupakia viti kwenye gari la farasi. Kazimierz alibeba kumi na kimoja, kisha akaja ananiita kwa ishara, asitoe sauti. Kwenye kiti cha kumi na mbili alikuwa amekaa Mama. Amelaza mikono yake pande zote mbili, kichwa kimeegemea zile mbao zisizo na ua wala jani, na amelala fofofo.

"Bosi," Kazimierz akanong'ona, "na hiki je?"

"Hicho kina mwenyewe," nikamwambia. "Tutatengeneza kingine."

Msalimie sana shemeji Douwe na wanao wote, hasa Tjitske aliyenitumia ile picha ya farasi mwenye miguu mitano. Nimeitundika juu ya meza yangu ya kazi. Hiltje anakubusu. Mama anasema uvae soksi za sufu. Mungu aliyewafikisha huko salama aendelee kuwafunika kwa mkono wake, mashamba yenu yazae na nyumba yenu isikose kicheko.

Kaka yako akupendaye na asiyeacha kukukumbuka,

Wiebe