Karibu Kiti

Keko, 6 Machi 2025

Mwanangu Vaileth,

Salamu nyingi. Sie huku wazima, ila goti langu la kushoto linalalamika. Huko São Paulo unakula vizuri?

Farhan mwongozaji kanijia tena na filamu mpya, na mie mchawi tena. Ya saba hii! Juzi nilimpelekea jirani yetu Mwajabu tambi za kufuturu. Alipokea kwa tabasamu, asubuhi nikakuta kuku wake wanazidonoa. Imeniuma. Unajua ninavyopenda kuigiza, lakini nimechoka kuogopwa. Nikikataa, nani mwingine ataniita? Nimjibu nini?

Mama yako

São Paulo, 19 Machi 2025

Shikamoo mama,

Mie mzima, hofu ni kwako na hilo goti.

Yule mzee ninayemtunza, Anselmo, ana miaka tisini na tatu. Juzi natafuta blanketi kabatini, nikakuta picha tele. Kumbe alikuwa mwigizaji! Alianza jukwaani mwaka 1951, akacheza na filamu kumi na moja. Kwa kuwa ni mweusi, kila mara alipewa nafasi ya mtumishi: kufungua mlango, kupokea kofia, kubeba sinia.

Mama, picha zote zile amesimama. Miaka thelathini ya kazi, hakuna aliyemwambia karibu kiti. Aliomba mara moja tu, mwishoni, wakamjibu kuwa mtumishi hakai. Anasema alichelewa kuomba.

Nimemweleza habari zako. Anasema kabla ya kukubali, omba kiti.

Mwanao Vaileth

Keko, 2 Aprili 2025

Mwanangu,

Hatujambo. Nimeomba mchawi wangu apewe kiti, japo mara moja akae achambue mchele kama watu. Farhan kacheka: "Mama Vaileth, mchawi akikaa na kuchambua mchele, nani atamwogopa?" Nikamwambia basi amtafute mwingine, na kweli kamtafuta. Mdomo huponza kichwa. Nashinda barazani nawatazama mafundi wakipiga msasa viti vya watu. Mwambie mzee wako simlaumu.

Mama yako

Keko, 11 Agosti 2025

Vaileth mwanangu,

Usinune kwa ukimya wangu, nilikuwa na aibu. Mzima wewe?

Julai Farhan alirudi, mpole kama kamwagiwa maji. Alikosa wa kuigiza bibi mzaa baba wa bwana harusi kwenye filamu nyingine. Dakika mbili, neno hata moja sina: navuta kiti, nakaa, nachambua mchele. Kiti nilikichagua mwenyewe hapa kwa mafundi. Wapiga picha wakasema tumemaliza, mie nikaendelea mpaka ungo wote ukaisha. Wameiacha hivyohivyo.

Jana Mwajabu kaitazama filamu, akaniuliza ule mchele niliupeleka wapi. Tukaupika, tukala wote, na kuku hawakupata kitu. Nakutumia kipande chenyewe kwenye simu, mwonyeshe mzee.

Mama yako

São Paulo, 24 Agosti 2025

Shikamoo mama,

Nimefurahi hadi nimelia. Mie sijambo, ila mzee amedhoofu. Tangu Pasaka hajatoka kitandani.

Nimemwonyesha. Huku kwao, mwigizaji akiwakosha watu, ukumbi mzima husimama kumpa heshima. Ulipovuta kiti ukakaa, mzee akanishika mkono nimwinue. Nikamuuliza anataka kwenda wapi. "Siendi popote," akasema.

Akasimama, mama, akiniegemea begani, mpaka ulipomaliza mchele.

Mwanao Vaileth