Nyumba ya Mwalimu Kondo na Ng'ombe Wangu Wanane

Mtaa wa Kwa Mathias, Kibaha

Kaka Masanja,

Shikamoo. Nakuandikia nikiwa barazani, kwenye nyumba ileile ya kupanga unayoijua, na Mama Neema yuko ndani anasonga ugali huku akiniuliza kila baada ya dakika mbili kama nimemaliza. Sisi sote wazima, isipokuwa mimi nina ugonjwa mmoja ambao nitaufikia. Huko Bariadi mvua zimeshika? Mbegu za pamba mmepata au bado mnazungushwa? Na goti la Mama linasemaje? Mwambie ile dawa niliyotuma ni ya kuchua goti, haikuwa ya kuwapa kuku.

Najua utashangaa kupata barua wakati simu zipo. Sababu ni swali lako la Jumapili. Uliniuliza, "Shija, mnada ni wiki mbili zijazo. Tuwauze au tusiwauze?" Nikakujibu betri inaisha. Kaka, betri ilikuwa imejaa. Nilichokosa ni mdomo. Jibu langu ni refu na lina aibu ndani yake, na kwa simu ungenicheka kabla sijafika katikati. Kwa hiyo nampa barua hii jirani yetu anayepanda basi kwenda kumwona bintiye huko kwenu. Isome taratibu, ukifika mwisho utajua la kufanya.

Ugonjwa wenyewe ni wivu.

Kuna mwalimu mwenzangu anaitwa Kondo. Ni Mzaramo wa hapahapa, kwao ni kijijini upande wa Mlandizi, anafundisha Jiografia shuleni kwetu. Nimemzidi miaka minane. Alipofika, mimi ndiye niliyemwonyesha jinsi ya kujaza kitabu cha mahudhurio, na mama yupi anauza chapati kwa kukopesha. Leo Kondo ana nyumba, mimi nina boma, kuta tupu bila paa.

Boma langu la Msimbu, kule Kisarawe, unalijua kwa ile picha niliyokutumia, niliyoipiga kwa pembeni ili vichaka visionekane. Nilianza msingi miaka kumi na moja iliyopita. Likafika usawa wa renta, pale juu ya madirisha, Neema akiwa darasa la nne, na hapohapo likalala. Sasa Neema yuko kidato cha tatu. Nilimwachia mzee mmoja jirani aliangalie, akaanza kulima mihogo kulizunguka, sikusema kitu. Mwaka huu nimekwenda nikakuta mihogo imepandwa na sebuleni. Nikamwuliza, "Mzee wangu, hata humu?" Akanitazama kwa upole kabisa: "Mwalimu, mimi nilidhani umeshaacha."

Sasa sikiliza. Mwezi uliopita tulikwenda kwenye arobaini ya mama yake Kondo. Ilifanyikia kwake, kwenye zile nyumba mpya za mkopo, ambako nilikuwa sijawahi kuingia kwa sababu kila aliponialika nilikuwa na kikao ambacho hakipo. Kaka, marumaru meupe yamelala sebule nzima. Dari la jipsamu lina taa zilizojificha, unaona mwanga huioni taa. Bomba liko ndani, unafungua tu. Watu wameinamisha vichwa wanaomba dua, na mimi nimeinamisha changu nahesabu marumaru. Kumi na nane kwa ishirini na mbili. Mama Neema akanikanyaga. Tulipokuwa tunatoka nikaona ufa mwembamba juu ya dirisha la jikoni, nikafurahi mpaka kesho yake.

Njiani Mama Neema akasema, "Baba Neema, hebu niambie kweli. Wewe unataka nyumba, au unataka Kondo asiwe nayo?"

Nikamwambia wanawake wana maneno. Jumatatu yake nikaenda benki.

Hapa lazima nikueleze sisi watumishi tulivyo, maana wewe mtu wa ng'ombe huwezi kuamini. Ofisini mwetu mtu akikopa, hatumuulizi amekopa kwa bei gani. Tunamuuliza, "Unakatwa ngapi?" Akisema laki mbili, tunapima kwa macho kama kinachobaki kwenye mshahara kitanunua unga, kisha tunasema, "Aa, hiyo inabebeka." Basi. Anakatwa kwa muda gani, na mwisho wake atakuwa ametoa jumla ya kiasi gani, kuuliza hayo tunaona ni uchokozi. Na mimi, mwalimu wa Hesabu kwa miaka kumi na nane, niliingia benki na swali hilohilo moja.

Binti wa mikopo alinipokea vizuri, akaniita mzee, nikavumilia. Nyumba ni milioni arobaini na tano. Ukitoa kianzio cha tano, wao wanatoa arobaini. "Kwa umri wako, mzee, tunaweza kukupa miaka kumi na tano," akasema, nikavumilia tena. Nikamuuliza nitakatwa ngapi. Akasema laki tano na elfu sitini kila mwezi. Nikajumlisha kinachobaki na zile sare za shule anazoshona Mama Neema, nikaona inabebeka. Akanipa kitita cha karatasi nikasome nyumbani. Nikakitia kwenye mkoba, nikakupigia simu palepale nje ya benki nikuombe kianzio, yaani wale ng'ombe wangu wanane unaonitunzia tangu baba afariki.

Nakumbuka ulivyojibu. "Ni wako, Shija. Sema lini." Halafu ukauliza, "Na maksai wawili nao?"

Nikasema, "Nao."

"Haya," ukasema.

Ile "haya" yako nimelala nayo wiki tatu.

Baada ya hapo nikaenda kwa Kondo. Mama Neema nilimwambia naenda kuomba ushauri. Uongo. Nilikwenda kumwonyesha fomu ili ajue na mimi nakuja. Nikaziweka mezani polepole kama mtu anayetandaza kanga mpya.

Kondo akazitazama, akacheka. "Kaka Shija, hatimaye. Maana siku ya arobaini nilikuona unahesabu marumaru midomo inacheza. Shangazi yangu akaniuliza yule Msukuma ni Mkristo gani anayemwombea marehemu kwa muda mrefu namna ile."

Nikatamani sakafu ile ile ya marumaru inimeze.

Akaniletea chai, akachukua na karatasi moja kabatini. "Wewe ndiye wa Hesabu," akasema. "Nilikopa milioni arobaini kwa miaka ishirini. Nimelipa miaka minne bila kuruka mwezi, jumla imefika milioni ishirini na tano. Nadaiwa ngapi?"

"Kumi na tano," nikajibu haraka, kama mwanafunzi anayetaka kusifiwa.

Akanigeuzia karatasi. Milioni thelathini na nane na ushei.

"Wamekosea," nikasema.

"Hawajakosea. Waliniambia siku ya kwanza. Hata wewe wamekuambia, fungua kurasa za nyuma."

Nikafungua kitita changu. Kweli, jedwali lilikuwepo, kurasa nne, mwezi baada ya mwezi, na mimi ukurasa wake wa kwanza nilikuwa nimeuandikia bei ya mahindi. Mwezi wa kwanza natoa laki tano na sitini; laki tano kamili ni riba, elfu sitini ndiyo inayogusa deni. Mwezi wa pili hivyohivyo, tofauti ni chenji ya chumvi. Nikashuka na kidole mpaka chini kabisa, kwenye jumla. Milioni mia moja na kitu, kaka, juu ya kile kianzio. Kila mwaka nawafundisha watoto wa watu riba, na wakikosea nawapiga wino mwekundu.

Nikueleze kwa lugha yetu. Umeazima kwa mtu ng'ombe wanne. Makubaliano ni kwamba utampelekea kumi, kidogo kidogo, mpaka nywele ziwe nyeupe. Unampelekea wa kwanza, unamuuliza umepunguza nini, anakuambia umepunguza mkia. Wale wanaopunguza ng'ombe mzima wako mwisho, wakati meno yako yameshaanza kutoka. Hajakudanganya, alikuambia mapema. Ni wewe uliyeuliza tu zizi lake liko mbali kiasi gani.

Sasa nikuambie aibu kubwa kuliko zote. Pale nilipoelewa, kitu cha kwanza kunijia kilikuwa furaha. Nikaona marumaru yote yale yamepoteza mng'ao. Nikamshika Kondo bega, nikamwambia kwa sauti ya msibani, "Pole sana, ndugu yangu. Wamekuweza."

"Nani kaniweza?" akauliza.

"Benki."

Akaweka kikombe chini. "Kaka Shija, mama alipopata kiharusi alikuwa kijijini. Choo kiko nje, nyuma ya jiko. Mvua ikinyesha anabebwa na wajukuu, analia, siyo maumivu, ni aibu. Kiwanja nilikuwa nacho, kama wewe. Nikapiga hesabu ya kujenga tofali kwa tofali, nikaona miaka kumi. Mama hakuwa nayo. Hii nyumba choo kiko hatua sita kutoka kitandani kwake, milango mipana, kiti cha magurudumu kinapita. Amekaa humu miaka mitatu na miezi minane. Amekwenda chooni mwenyewe. Jedwali nililisoma lote kabla ya kusaini, nikamsomea na yeye, akasema mwanangu ni ghali, nikamwambia najua."

Akaikunja ile karatasi yake. "Nikiona yale makato kwenye mshahara sioni benki. Namwona mama anafunga mlango wa choo kwa mkono wake. Wewe sasa, nani anakusubiri ndani ya hiyo nyumba?"

Nilikunywa ile chai mpaka majani.

Kaka, usidhani niliondoka nimepona. Nilikwenda na wivu wa marumaru, nikarudi na wivu mbaya zaidi. Marumaru naweza kujifariji kwamba ni ghali. Lakini mtu mdogo kwangu, niliyemfundisha kujaza kitabu cha mahudhurio, anajua kila shilingi yake imekwenda wapi na kwa nini, na hajuti! Mimi nilikuwa tayari kufunga miaka kumi na tano ya mshahara, na uchumi wa kwenu, na sikujua hata kwa ajili ya nani. Mama Neema aliponiuliza jioni ile, "Haya, hiyo nyumba ulitaka alale nani?" nikatafuta jibu kweli kweli, na lililotoka ni hili: "Nilitaka Kondo aje anywe chai." Akacheka mpaka akakaa chini. Neema akatoka ndani kuuliza kuna nini, naye akaambiwa, na sasa ndiyo salamu yangu ndani ya nyumba hii. Nikiingia tu, "Baba, Kondo ameshafika?"

Kwa hiyo jibu ni hili. Usiwauze. Nimemrudishia binti wa benki fomu zake, akaniambia nikibadili mawazo nirudi kabla umri haujasogea, nikavumilia mara ya tatu. Sisemi mkopo wa nyumba ni mbaya. Kwa Kondo ulikuwa na sababu inayotembea kwa magurudumu. Kwangu ulikuwa na sababu ya kupita mbele ya watu.

Lakini kuna jambo halijaisha. Nimekaa nikapiga hesabu nyingine ambayo haipo kwenye jedwali lolote: ungelima na nini msimu huu bila wale maksai? Una ekari saba, mgongo wa miaka hamsini na mbili, na jembe la mkono ambalo Mama analitumia kukwangulia zizi. Ulilijua hilo uliposema "haya". Mimi sikuuliza. Niliuliza nitakatwa ngapi mimi.

Nisalimie sana Mama, mwambie mwanawe wa Pwani ananenepa kwa aibu. Msalimie shemeji, mama watoto wako, na umwambie ule mtama ulifika salama ila umekwisha. Wasalimie wanao, hasa mkubwa anayewasomea barua zangu kwa sauti ya mtangazaji. Dada yetu wa Maswa akipita, mwambie habari za nyumba asizitangaze. Neema na mama yake wanakusalimia, na wameniomba niandike kwamba wanacheka.

Mwisho kabisa. Wale maksai wawili kuanzia leo si wangu, ni wako, na wale sita waliobaki tutaongea nikija. Nimeandika kwa wino na nimesaini, na nakuomba mwanao aisome sehemu hii mara mbili mbele ya Mama na ya jirani yeyote mwenye kumbukumbu nzuri. Wawe mashahidi. Maana najijua, kaka. Juzi nimesikia mwalimu wa Fizikia naye anahamia kwake mwezi ujao, ghorofa, na tumeshaalikwa. Nikikupigia simu siku hiyo nikianza habari za mnada, kata simu. Sema betri imeisha.

Mdogo wako mwenye boma,
Shija