Mama, Mahakama Inakuja Kuona Nyumba Yako

Mama yangu,

Tangu Jumatatu sijatulia. Nafua nguo zilizo safi, naenda mpaka getini, narudi. Jirani yangu hapa Kisumu ameniuliza kama nangoja mgeni, nikamwambia ndiyo. Sikumweleza kwamba mgeni mwenyewe anakuja kwako Kombewa.

Ouma, yule mtoto wa baba mdogo uliyemlisha ugali kwa mboga ya osuga mpaka akaota ndevu, ameingiza jembe kwenye shamba lako. Kisha akaenda kwa hakimu akasema boma liliachwa zamani na yeye ndiye anayelikalia. Sisi tukasema ni uongo, tumekuwa tukipanda pale kila mvua ikija. Ikawa neno lake dhidi ya letu.

Wakili wetu akaomba mahakama itume mtu wake, kamishna, akaone kwa macho nani analima wapi na nani anakaa pale. Wakili wa Ouma akapinga, eti si kazi ya mahakama kumtafutia mtu ushahidi. Hakimu akasema sheria haimlazimishi kutuma wala kukataa, ni hiari yake, na kwamba atafikiri kwanza. Jumatatu akakubali. Wakili wetu alitabasamu, lakini mimi sikuweza kufurahi.

Unajua kwa nini. Unakumbuka dani, nyanya yetu, alipofariki, nikaona tundu kwenye ukuta wa nyumba yake nikaenda kuliziba? Nilikuwa mdogo, udongo umenijaa mpaka viwikoni. Ulinishika mkono ukaniambia, "Wacha, nyathina, mwanangu. Mwenye nyumba hayuko. Iache ianguke yenyewe." Halafu ukaninawisha, ukinitania kwamba fundi gani huyu anajipaka udongo mwingi kuliko ukuta. Nilicheka nikasahau kulia.

Na wewe ulipotuacha tulikufanyia hivyohivyo. Hatujagusa kitu. Ukuta wa nyuma umelala, mabati yameshuka upande mmoja, majani yameingia mpaka ulipokuwa ukiweka kiti chako. Mtu wa kwetu akipita pale anaona watoto wenye adabu. Kamishna anatoka mbali, na ninaogopa ataona boma lisilo na mwenyewe, kama Ouma anavyosema. Akiandika hivyo, Ouma atalima mpaka kwenye kaburi lako.

Kaka Odhiambo alinipigia jana. "Sister, tukandike tu huo ukuta. Tuweke kitanda na sufuria ndani. Huyo mtu wa court atajuaje?"

Nilimfokea. Nilipokata simu nikajikuta napiga hesabu ya udongo utakaotosha. Mama, nina hasira na Ouma, nina hasira na Odhiambo, na leo nina hasira hata na wewe, kwa kunifundisha vizuri hivyo.

Asubuhi hii nimemjibu kaka kwamba hapana. Kamishna akija kesho nitamwonyesha mabua ya mahindi tuliyovuna kabla ya jembe la Ouma kuingia. Nitamwonyesha kaburi lako. Akiuliza kwa nini watoto hawakutengeneza nyumba ya mama yao, nitamweleza ulivyotulea, naye aandike atakavyo.

Tukishindwa, nitakuwa nimepoteza mahali ulipolala kwa sababu nilikutii. Usinikasirikie, Mama. Sikujua njia nyingine ya kuwa mtoto wako.

Ni mimi,
Binti yako wa pili